Mpwa wa Paulo

Kitabu cha Matendo ya Mitume, sura ya 23, chatusimulia jinsi watu zaidi ya 40 walivyoapa kumwua Paulo. Mpwa wake alipopata habari hizo hakunyamaza. Naye Paulo alimpeleka kijana huyo kwa jemadari. Usiku ule ule askari 200, wapanda farasi 70 na wenye mikuki 200 wakamsindikiza.

Leo mjane anayetishwa na shemeji zake kwa ajili ya shamba huambiwa kwamba mambo ya ukoo hayapelekwi mahakamani. Je, Paulo alipungukiwa na imani? Hasha! Nchini Kenya, sheria ya mwaka 2015 ya kuwakinga watu na ukatili wa nyumbani yampa hakimu uwezo wa kumkataza jamaa asimpige wala asimtishe mlalamikaji. Aivunjaye amri hiyo atenda kosa la jinai.

Kuomba ulinzi si kulipiza kisasi. Aombaye ulinzi humzuia hata ndugu yake asiwe mwuaji. Basi wewe uliyesikia vitisho nyumba ya jirani, usinyamaze: uwe mpwa wa Paulo. Amina.