Somo la Senema: Nyumba Iliyojengwa kwa Juma Moja

Leo tutajifunza namna ya kutazama picha ya kuchekesha. Labda utauliza, "Kucheka nako kuna mafunzo?" Naam, yapo. Mzaha mzuri hujengwa kama nyumba, kwa vipimo.

Tuchukue mfano wa picha iitwayo One Week, maana yake Juma Moja. Ilitolewa Marekani mwaka 1920. Ni picha bubu, yaani haina sauti. Maneno machache huandikwa, mengine yote husemwa na mwili. Bwana harusi ni Buster Keaton, ambaye pia aliiongoza picha hiyo pamoja na Edward F. Cline. Bibi harusi ni Sybil Seely.

Kwanza fahamu jambo hili. Siku zile Wamarekani waliweza kuagiza nyumba kwa barua. Kampuni ya Sears, Roebuck iliziuza tangu 1908 hadi 1940. Mbao zilifika kwa gari moshi, nyingi zikiwa zimekatwa tayari, pamoja na kitabu cha maelezo. Mtu aliunganisha nyumba yake mwenyewe.

Katika picha yetu, maharusi wanapewa zawadi ya kiwanja na nyumba ya namna hiyo ndani ya masanduku yenye namba. Lakini yuko mwanamume aliyemtaka yule binti akakataliwa. Anakuja kwa siri na rangi, anabadili namba za masanduku. Sisi tumemwona, bwana harusi hakumwona. Hiyo ndiyo kanuni ya kwanza: mtazamaji ajue jambo asilolijua mhusika.

Bwana harusi anafuata kitabu kwa uaminifu, na nyumba inatoka kituko. Kuta zimepinda, na mlango mmoja wa juu unafunguka hewani, ngazi hakuna. Ijumaa, tarehe 13, wageni wanaalikwa. Dhoruba inakuja, nyumba inazunguka kama pia, na wageni wanatupwa nje mmoja mmoja. Nyumba hiyo haikuwa mchoro. Ilijengwa kweli juu ya jukwaa la kuzungushwa.

Kisha wanaambiwa kuwa wamejenga mahali pasipo pao. Kibao cha kiwanja kilikuwa kimepinduka, namba yake ikasomeka vingine. Kiwanja chao kiko ng'ambo ya reli! Wanaikokota nyumba, nayo inakwama katikati ya reli. Gari moshi linakuja. Wanasukuma, wanashindwa, wanajitenga na kufumba macho. Gari linapita kwenye njia ya pili, kando kabisa. Wanashusha pumzi, nasi pia. Papo hapo gari jingine linatokea upande wa pili na kuivunja nyumba vipande vipande.

Hiyo ni kanuni ya pili. Kama gari la kwanza lingeigonga nyumba, tungeona ajali tu. Kwa kuwa lilipita, tulijilegeza. La pili likatukuta hatuna ulinzi.

Lakini sababu kubwa ya picha hii kupendwa mpaka leo ni nyingine. Watazame maharusi wenyewe. Bibi si pambo la kukaa barazani. Anafanya kazi bega kwa bega na mumewe, na anachora mioyo miwili ukutani. Mambo yanapoharibika, hasemi, "Ni kosa lako." Wala mume hamtupii lawama. Vitu vyote vimewageuka, wao hawakugeukana. Kwa hiyo kicheko chetu hakina ukatili: hatuwacheki maharusi, twacheka pamoja nao.

Angalia mwisho. Bwana anasimamisha kibao cha kuuza kwenye rundo la mbao. Anaanza kuondoka, kisha anarudi na kukiambatisha kile kitabu cha maelezo, ili mnunuzi naye apate taabu yake. Halafu anamshika mkewe mkono, wanakwenda zao. Wamepoteza nyumba, lakini hawakupoteza unyumba.

Mwaka 2008 picha hii iliwekwa katika orodha ya taifa la Marekani ya picha za kuhifadhiwa.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi:

1. Kwa nini gari moshi la kwanza halikuigonga nyumba?

2. Kama maharusi wangegombana, je, tungecheka vile vile?

3. Simulia kisa cha kuchekesha ukijuacho. Ndani yake anachekwa nani, na je, yeye naye angeweza kucheka?