Usawa Katika Ajira za Serikali: Jina la Baba Mezani pa Usaili

Mada kwa semina ya watendaji na wenyeviti wa vijiji, Jorodom



Nimeombwa nieleze maana ya usawa katika ajira za Serikali. Sitakaa sana hapo. Ibara ya 22 ya Katiba ya mwaka 1977 inampa kila raia fursa sawa ya kushika kazi iliyo chini ya Mamlaka ya Nchi. Sheria ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2002, kwa marekebisho ya 2007, ikatuletea Sekretarieti ya Ajira. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya 2010 inamtaka mwajiri mwenye watumishi 20 au zaidi kuajiri asilimia 3 kutoka kundi hilo. Haya mnayajua, na yamo kwenye makabrasha yenu.

Jambo langu ni majina.

Watu wakisikia upendeleo huwaza vimemo. Maombi ya mtandaoni yamevibana vimemo, tunashukuru. Lakini mtandao haujui Kiiraqw. Mtoto aliyezaliwa mvua ikinyesha huitwa Tluway. Kadi ya kliniki itasema Tluwai, mwalimu mgeni wa darasa la kwanza ataandika Luway kwa vile ndivyo alivyosikia, na kitambulisho cha Taifa kitarudi kwenye Tluway. Hhando huwa Hando. Kwa ndugu zetu Wabarabaig, ile Gida inayotangulia majina ya wanaume mara huunganishwa na jina, mara hutengwa, mara huachwa na karani aliyedhani ni cheo.

Niliwahi kukaa kwenye jopo la usaili katika halmashauri moja. Akaingia kijana na bahasha ya kaki, viatu vyeupe kwa vumbi, usiku kalala stendi. Jina la baba kwenye cheti cha kidato cha nne lilikuwa na h moja, kwenye kitambulisho h mbili. Tulimrudisha kabla hajaulizwa swali hata moja, na fomu nikasaini mimi. Utaratibu ulifuatwa, siwezi kusema tulivunja kanuni. Ila aliyemtangulia, mwenye majina mawili ya Biblia, uhakiki wake haukufika dakika mbili.

Tiba tunayowaelekeza ni hati ya kubadili jina, iliyosajiliwa. Wakili anataka chake, usajili una ada, nauli juu yake, na kati ya tangazo la kuitwa na siku ya usaili siku zenyewe ni za kuhesabu. Isitoshe, kijana hakubadili jina. Karani ndiye aliyelibadili, na karani yuko ofisini anakunywa chai.

Nisieleweke vibaya. Mwaka 2017 watumishi zaidi ya 9,900 walibainika kuwa na vyeti vya kughushi, kwa hiyo ukali wa uhakiki una sababu. Lakini mwenye kughushi huanza kwa kulinganisha majina. Herufi zinazogongana aghalabu ni za mtu mkweli. Na tope la Mlima Hanang la tarehe 3 Desemba 2023 lilipobeba nyumba, lilibeba na masanduku ya vyeti. Wenye vyeti hivyo nao tunawataka waje na nakala halisi.

Napendekeza, kwa heshima zote kwa mamlaka husika, tofauti ya herufi itenganishwe na tofauti ya mtu: picha, tarehe ya kuzaliwa na shule vikilingana, msailiwa aulizwe maswali kwanza na marekebisho yafuate. Napendekeza pia kiapo cha mzazi kikubalike kwa muda. Majopo yanayosaili Manyara yawe na mtu mmoja anayejua majina ya huku. Walimu wasiandikishe mtoto bila kuona cheti cha kuzaliwa. Waliopoteza vyeti kwenye tope wapewe muda. Na narudia, msailiwa aulizwe maswali kwanza.

Yaliyo juu ya uwezo wetu yatasubiri vikao. Lakini barua ya utambulisho ya kitambulisho cha Taifa inatoka kwenu, watendaji. Mzazi akija, msimwandikie kwa kusikia. Mwombeni cheti cha shule cha mtoto, kiwekeni pembeni ya barua, msome herufi moja moja, kisha ndipo mgonge muhuri.