UKUBWA WA MBINGU NA MASWALI YA WATOTO



Mara nyingi mtoto hutazama mbingu usiku akauliza, "Nyota ziko mbali kadiri gani?" Naye hujibiwa, "Nyamaza, hayo hayaulizwi." Leo nataka kuwaonyesha ya kuwa swali hilo lina jibu, nalo lilipatikana kwa saburi na kupima.

Inua kidole gumba mbele ya uso wako, ukielekee mti ulio mbali. Fumba jicho moja, kisha lifumbue ufumbe la pili. Kidole chaonekana kuhama mbele ya mti. Kikiwa karibu huhama sana. Ukikisogeza mbali huhama kidogo. Njia hiyo hiyo ndiyo waitumiayo wataalamu wa nyota. Dunia yetu hulizunguka jua kwa mwaka mmoja. Baada ya miezi sita huwa ng'ambo ya pili, mbali zaidi ya maili milioni 180 na pale ilipokuwa. Mahali hapo pawili ndipo macho yao mawili.

Watu walijaribu kwa miaka mingi wasifaulu, kwani nyota huhama kidogo mno. Hata mwaka 1838 Bwana Friedrich Bessel, wa mji wa Königsberg, akatangaza umbali wa nyota hafifu iitwayo 61 Cygni. Bwana huyu aliacha shule akiwa na umri wa miaka 14, akawa mwanagenzi katika nyumba ya biashara mjini Bremen. Elimu ya nyota alijifunza mwenyewe kwa vitabu.

Umbali huo haufai kuhesabiwa kwa maili. Nuru hukimbia maili 186,000 kwa sekunde moja. Kutoka jua hadi kwetu husafiri dakika 8. Kutoka nyota ile, miaka 11. Na kutoka Kilimia, ambacho wazee wetu hukitazama ili wajue majira ya kulima, husafiri miaka 440 hivi. Nuru yake tuionayo leo ilianza safari kabla Wareno hawajajenga Ngome ya Mombasa mwaka 1593.

Wazee waliotambua majira kwa Kilimia walianza kwa kutazama na kuuliza. Kijana yule wa Bremen naye, angalinyamazishwa, kipimo kile kingalichelewa. Basi, Walimu na Wazee, mtoto akiuliza, msimfumbe kinywa. Mwonyesheni kidole na mti, aanze kupima mwenyewe.