Ngoma Yetu na Maneno ya Kuazima
(Hotuba kwa wanachama, Kibiti)



Wako wanaobeza kwamba Kiswahili ni Kiarabu tu. Nawajibu kwa ngoma zetu za Rufiji. Neno "ngoma" ni la Kibantu. Washona na Wakongo nao husema "ngoma". "Tari" na "zumari" asili yake Kiarabu, lugha ya mabaharia waliokuja kuchukua boriti za mikoko huku delta. Lakini sisi twasema tari moja, matari mawili: mgeni amevaa nguo zetu.

Hata "uhuru": "huru" ni Kiarabu, "u" ni yetu. "Umoja" ni Kibantu kitupu. Yote mawili yamo katika Ngao ya Taifa tangu 1961.

Basi, kuazima si utumwa. Tusikionee haya Kiswahili, wala Kindengereko cha nyumbani.

Uhuru na Umoja!