Wimbo Ukifungiwa

Novemba 2018, Baraza la Sanaa la Taifa la Tanzania, BASATA, liliufungia wimbo Mwanza wa wanamuziki Rayvanny na Diamond Platnumz kwa maneno yasiyo na maadili. Desemba wakauimba jukwaani, Mwanza kwenyewe, nao wakafungiwa kufanya maonyesho. Marufuku hiyo, kusema kweli, iliutangaza wimbo bure.

Wimbo, hata hivyo, ndiyo sehemu nyepesi kudhibiti. Kibandani kwa mrusha nyimbo, memori kadi ya kijana hujazwa singeli, na picha za ngono hufichwa kwenye folda lililoandikwa “Masomo”. Folda hilo halimwombi mtu kibali. Zamani mambo ya ngono yalikuwa na makungwi unyagoni na jandoni, watu wazima wanaojulikana na wanaoulizika. Leo mvulana anafundwa na simu, na baba yake anaona haya hata kuanza mazungumzo.