Hotuba juu ya Vitabu vya Indonesia na Serikali Zake



Pengine mtauliza, sisi makarani tuna nini na visiwa vya Java na Sumatra? Jawabu letu ni kwamba huko hadithi nyingi za kisasa zilizaliwa afisini, mezani pa watumishi wa serikali, na afisini ndimo nyingine zilimonyamazishwa. Habari hiyo yatuhusu sisi tushikao kalamu na muhuri.

Waholanzi walipokuwa wakitawala, katika mwaka 1908 waliweka halmashauri ya kuwapatia vitabu vijana waliotoka shule. Mwaka 1917 ikawa idara kamili, jina lake Balai Pustaka. Vitabu vyake vilikuwa rahisi kununua, tena viliazimwa katika maktaba za shule, na Kimalai chake kikawa kipimo cha uandishi mzuri. Kazi hiyo hatuwezi kuibeza. Hadithi mashuhuri ya Siti Nurbaya ilipigwa chapa hapo mwaka 1922, na mtungaji wake, Marah Rusli, alikuwa mganga wa wanyama katika utumishi wa serikali.

Lakini mlangoni palikuwa na bawabu. Nia ya idara ilikuwa watu wapate cha kusoma ili wasisome vitabu vile vingine, vilivyoitwa vya mwitu. Mas Marco Kartodikromo, mmoja wa waliovitunga hivyo, alitiwa gerezani zaidi ya mara moja, mwisho akahamishwa Boven Digul katika kisiwa cha Guinea Mpya, akafia huko. Aliyekubali kupita mlangoni hakufungwa, ila alisahihishwa. Abdul Muis alipoleta hadithi yake Salah Asuhan haikupokewa mpaka alipoigeuza, kwa kuwa mwanamke Mholanzi aliyekuwamo alionyeshwa kuwa na mwenendo mbaya. Katika kitabu kilichotoka mwaka 1928 mwanamke huyo ni chotara wa Kifaransa, na sifa yake imeoshwa. Wino mwekundu wa namna hiyo twaujua sote.

Sasa tufike kwa Pramoedya Ananta Toer, aliyezaliwa mwaka 1925 mjini Blora, Java. Huyu alianza kama sisi: zamani za Wajapani alikuwa mpiga taipu katika shirika la habari la Domei. Waholanzi waliporudi walimfunga tangu 1947 hata 1949. Hadithi aliyoiandika kifungoni, Perburuan, ikapewa tuzo na Balai Pustaka ile ile, na baada ya uhuru akaajiriwa humo kwa muda.

Uhuru haukuuondoa mkono wa serikali katika vitabu. Mwaka 1960 Pramoedya alitoa kitabu cha kuwatetea Wachina wa Indonesia. Kikapigwa marufuku, naye akawekwa ndani bila hukumu. Hata hivyo tusimfanye malaika. Alikuwa mtu wa Lekra, chama cha wasanii kilichokuwa karibu na Wakomunisti, na katika gazeti aliwachapa vikali waandishi waliotia sahihi Manifes Kebudayaan mwaka 1963, wakitaka sanaa isiwe chini ya siasa ya upande mmoja. Mei 1964 Rais Soekarno aliipiga marufuku ilani yao. Hatusemi kwamba Pramoedya ndiye aliyeleta amri hiyo. Twasema alikuwa upande ulioshinda siku ile.

Na katika mwaka 1963 palitokea waraka mwingine ambao sisi twaona ndio kiini cha habari hii yote. Ulimpa Mwanasheria Mkuu wa Serikali uwezo wa kukataza kitabu pasipo kwenda mbele ya hakimu.

Oktoba 1965 upepo ukageuka. Askari walimchukua Pramoedya, maktaba yake ikaharibiwa, akakaa kizuizini miaka 14 bila kushtakiwa, kumi kati yake katika kisiwa cha Buru. Aliponyimwa karatasi aliwasimulia wafungwa wenzake hadithi yake kwa mdomo. Aliporuhusiwa kuandika, wao walimsaidia kazi zake za shamba. Hivyo kikapatikana kitabu cha Bumi Manusia, kilichotoka mwaka 1980 na kusomwa kwa pupa. Ni hadithi ya kijana wa Java katika shule ya Waholanzi, lakini serikali ya Soeharto ilisema kinaeneza Ukomunisti. Mei 1981 Mwanasheria Mkuu akakikataza, kwa uwezo ule ule wa waraka wa 1963. Waraka uliotoka wakati rafiki zake wana nguvu sasa ulikamata kazi yake.

Soeharto aliondoka madarakani mwaka 1998, na vitabu hivyo vikauzwa waziwazi. Pramoedya akafariki mwaka 2006. Waraka ulikuwa bado hai: hata Desemba 2009 vitabu vitano vilikatazwa kwa siku moja. Ndipo waandishi na wanahistoria walipoupeleka mbele ya Mahakama ya Katiba, na Oktoba 2010 mahakama ikamwondolea Mwanasheria Mkuu uwezo huo. Tangu hapo atakaye kukataza kitabu hana budi kwenda kwanza kwa hakimu na kueleza sababu.

Bwana Mwenye Kiti, saa yetu imekwisha. Mwenye swali na aulize.