Amandina Lihamba: Mwandishi wa Tamthilia Mbele ya Kamera

Katika sanaa ya filamu, mtunzi wa mswada, yaani mtu anayepanga matukio na mazungumzo kwenye karatasi kabla kamera haijawashwa, kwa kawaida hubaki nyuma ya pazia, na watazamaji huondoka na majina ya waigizaji tu. Wachache wamevuka mpaka huo. Wu Nien-jen wa Taiwan, mtoto wa mchimba migodi aliyezaliwa mwaka 1952, alishiriki kuandika filamu zilizobadili sinema ya nchi yake, ikiwemo A City of Sadness iliyotwaa tuzo kuu ya tamasha la Venice mwaka 1989, kisha mwaka 2000 akaigiza mhusika mkuu wa Yi Yi, filamu iliyoandikwa na kuongozwa na Edward Yang. Kwa upande wa Afrika Mashariki, anayekaribiana naye zaidi ni Amandina Lihamba, mwandishi wa tamthilia, mwongozaji na profesa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambaye mara chache alipoingia katika filamu aliingia kwa njia ya kuigiza. Mada hii inashikilia kwamba uigizaji huo ni sehemu ya uandishi wake, kwa kuwa kazi zake nyingi zinazunguka swali moja: ni nani amezuiwa kusema, na sauti yake itarudi kwa njia gani.

Swali hilo linaonekana mapema katika Hawala ya Fedha, tamthilia iliyochapishwa mwaka 1980. Chanzo chake ni kisa cha Sembène Ousmane wa Senegali, ambacho mwandishi huyo mwenyewe alikigeuza kuwa filamu ya Mandabi mwaka 1968 kwa lugha ya Kiwolofu. Katika kisa hicho, mzee asiyejua kusoma anatumiwa hawala na mpwa wake aliyeko Paris, lakini posta wanamtaka kitambulisho, kitambulisho kinahitaji cheti cha kuzaliwa na picha, na kila anakokwenda kutafuta karatasi hizo anakutana na mtu wa kumnyonya, mpaka fedha inapotea kabla hajaitia mkononi. Lihamba alikifanyia uhawilishaji, yaani alikitoa katika utanzu mmoja na kukiunda upya katika mwingine, akikileta kwenye jukwaa la Kiswahili katika miaka ambayo urasimu ulikuwa kero ya kila siku ya Mtanzania. Uteuzi huo haukuwa wa bahati nasibu. Mzee wa posta ana haki yake na ana kinywa, ila mbele ya dirisha la ofisi maneno yake hayana uzito mpaka yagongwe muhuri wa mtu mwingine.

Miaka michache baadaye Lihamba alishirikiana na Penina Muhando na Ndyanao Balisidya kutunga Harakati za Ukombozi, iliyochapishwa mwaka 1982, na tamthilia hiyo inapitia historia ya mapambano ya Watanzania na kuhoji yaliyoupata ujamaa baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967. Utunzi wa pamoja wa namna hii, ambao pia uliendeshwa na kundi la Paukwa lililozaa mchezo wa Ayubu, haujapewa heshima inayostahili katika uhakiki wetu, kwa sababu wahakiki wamezoea kumtafuta mtunzi mmoja wa kumsifu au kumlaumu. Kuhusu maudhui ya kisiasa ya kipindi hicho, Lihamba mwenyewe aliandika tasnifu ya uzamivu katika Chuo Kikuu cha Leeds, aliyoikamilisha mwaka 1985, juu ya siasa na sanaa za maonyesho nchini Tanzania tangu Azimio hadi mwaka 1984.

Hatua iliyofuata baada ya Harakati za Ukombozi ndiyo yenye uzito zaidi kwa walimu na wasanii wa nyanda za juu za Kigoma, walio zaidi ya kilomita 1,000 kutoka majukwaa ya Dar es Salaam. Kati ya mwaka 1982 na 1983, Lihamba, Muhando na Eberhard Chambulikazi walifanya kazi katika kijiji cha Malya, mkoani Mwanza, kwa mbinu ya sanaa za maonyesho kwa maendeleo, ambayo maana yake ni kwamba wanajamii wenyewe wanachunguza tatizo lao, wanalitungia mchezo au ngoma, wanaliigiza mbele ya wenzao na kulijadili hadharani ili wafikie hatua ya kuchukua. Wataalamu hawakwenda na mswada mkononi. Waliishi na wanakijiji, wakasikiliza, na tatizo lililoibuka likawa mimba za wasichana ambao hawajaolewa, jambo ambalo kila nyumba ililijua na hakuna mkutano wa kijiji uliokuwa ukilitamka wazi. Katika mbinu hii mwandishi wa kitaalamu anajinyima kile anachokimudu kuliko vyote, yaani kuandika maneno ya mhusika, na badala yake anajenga mazingira ambamo mhusika halisi atayatafuta maneno yake. Ni nidhamu ngumu, na anayedhani ni kazi nyepesi kuliko kuandika tamthilia ya kurasa 80 hajawahi kuijaribu.

Ni katika mwanga huo uigizaji wake wa filamu unapaswa kutazamwa. Mwaka 1985 alicheza katika Arusi ya Mariamu, filamu ya dakika 36 iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, inayomhusu mwanamke wa mjini anayesumbuliwa na maradhi yaliyoshindikana hospitalini, huku hofu ya tangu utotoni ikimfanya amkwepe mganga wa jadi. Baadaye alicheza Samehe katika Maangamizi, iliyoongozwa na Martin Mhando pamoja na Mulvihill kwa mswada wa Queenae Taylor Mulvihill, na ambayo Tanzania iliipeleka kuwania tuzo ya Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni katika mashindano ya mwaka 2001. Samehe ni mgonjwa katika hospitali ya akili ambaye hajatamka neno kwa miaka 20, na daktari aliyetoka Marekani, Asira, aliyeigizwa na BarbaraO, anajaribu kumfikia huku mzimu wa bibi wa kale ukiwaunganisha wanawake hao wawili na majeraha yao ya utotoni.

Inafaa kutua hapa. Mwandishi aliyetumia miaka mingi kuwapa wengine maneno anakubali nafasi inayomnyima maneno yote, na mzigo wa mhusika unabebwa na macho, mabega na namna ya kukaa. Jukwaa la Kiswahili, lenye ngoma, nyimbo na majibizano, halimzoeshi mwigizaji kufanya hivyo, kwani hadhira iko mbali na kimya kirefu huweza kudhaniwa kuwa ni kusahau. Kamera husogea karibu, na kimya kinasomeka usoni. Lihamba alimcheza Samehe kama mtu aliyejaa kauli zilizozuiwa, hivyo mtazamaji anasubiri, na kusubiri huko ndiko kunakoisukuma hadithi mbele. Mwigizaji asiyewahi kukaa Malya akingoja wasichana waanze kusema angeweza kuigiza ububu, lakini ingekuwa vigumu kwake kuigiza ungojaji.

Mwaka 1996, kabla filamu hiyo haijapelekwa Oscar, Lihamba na Muhando, ambaye wakati huo alijulikana zaidi kwa jina la Penina Mlama, walianzisha mradi wa Tuseme katika shule za sekondari, ambao baadaye shirika la FAWE linaloshughulikia elimu ya wasichana liliusambaza katika nchi nyingine za Afrika. Utaratibu wake unafuata ule wa Malya: wasichana wanataja vikwazo vya masomo yao, wanavichambua, wanavitungia igizo na kuliigiza mbele ya walimu na uongozi wa shule. Kwa shule za Kasulu na Kibondo, ambako mwanafunzi huacha Kiha mlangoni, hufundishwa kwa Kiingereza na hucheza kwa Kiswahili, mbinu hiyo inaweza kuanzwa bila kamera, bila jukwaa na bila mswada wa kununua. Sharti lake zito linamwangukia mwalimu, ambaye hatakiwi kuwaandikia wanafunzi mchezo wala kusahihisha lugha yao katika vikao vya kwanza, hata pale kimya kitakapochukua kipindi kizima.